Si Mjane wa Jared

Oyugis
13 Februari 1997

Baba Nyatichi,

Kesi imekwisha. Nimeanza na hilo kwa sababu nakujua, ukifungua barua macho yako yanaruka salamu yakitafuta habari. Salamu utazikuta mwishoni.

Juzi Jumanne hakimu alisoma hukumu. Jared alisimama upande ule mwingine na koti lake la udereva, hakunitazama hata mara moja. Hakimu akasema ndoa yetu imevunjika kuanzia siku hiyo, na Dorine atakaa na mimi mama yake, ila baba ana ruhusa ya kumtembelea. Akamuuliza Jared, "Umeelewa?" Jared akajibu, "Nimeelewa, mheshimiwa." Miaka minne tangu anitoe nyumbani na mtoto na sanduku moja, ikaishia hapo. Nilitoka nje nikakaa kwenye ngazi za korti, nikacheka peke yangu mpaka askari akaniuliza kama ni mgonjwa.

Nilikungoja. Ulisema utakuja. Nilikushikia nafasi kwenye benchi kwa mkoba wangu, mpaka nikaambiwa niuondoe watu wakae. Najua mashine yako ya posho ikikwama nusu ya Kehancha inalala bila ugali, basi nimekusamehe. Lakini ningependa ungesikia kwa masikio yako mwenyewe.

Karani wa masjala anasema nakala ya amri, ile iliyothibitishwa kwa sahihi na muhuri wa korti, itakuwa tayari baada ya wiki mbili. Nikiipata nitaileta mwenyewe, Mchungaji wenu aisome, kisha tutangazwe. Mwaka mzima tangu uje kutengeneza ile mashine nyuma ya kibanda changu cha cherehani nimekuwa nikikwambia, "Ngoja." Sasa sitasema tena.

Dorine anasalimia Nyatichi na mdogo wake. Anauliza kama kwenu Kehancha kuna shule ya Sabato yenye kwaya ya watoto.

Ni mimi wako,
Benta

*

Kehancha
9 Machi 1997

Dada mpendwa Benta,

Neema ya Bwana iwe nawe. Barua yako nimeipokea na moyo wangu ukashukuru. Ile siku ya hukumu nilikuwa tayari nimevaa, kumbe mkanda wa mashine umekatika na watu wamepanga foleni na madebe yao. Nisamehe. Tangu mama ya watoto alale katika Bwana mwaka wa tisini na tatu, mimi ndiye fundi na mimi ndiye mama.

Nimeongea na Mzee Momanyi, kiongozi wa baraza la kanisa. Amefurahi, ila amesema ndoa haiwezi kutangazwa mpaka baraza lione amri yenyewe. Si fotokopi, si maneno ya mtu. Anasema kanisa liliwahi kufungisha ndoa ya dada mmoja, na wiki iliyofuata bwana wake akaja na rungu mlangoni. Ni utaratibu tu, usiumie.

Wiki mbili zimepita. Bila shaka umeshaipata. Nitumie kwa rejista.

Nyatichi amekushonea kitambaa cha meza. Kimepinda, lakini amekataa nisimsaidie.

Wako katika imani,
Fanuel Mogire

*

Oyugis
27 Aprili 1997

Baba Nyatichi,

Sijaipata. Nimekwenda mara tano.

Mara ya kwanza mpiga chapa alikuwa amejifungua, na yuko mmoja tu. Mara ya pili alikuwapo wa kushikilia, lakini hawezi kusoma mwandiko wa hakimu. Mara ya tatu karani alisema faili iko mezani kwa mkubwa. Mara ya nne mkubwa alikuwa semina. Ya tano ni Alhamisi hii, na hii nikuandikie vizuri, kwa maana nisipoiandika nitailia.

Karani akaniambia, "Mama, yule hakimu wako amehamishwa."

Nikamwambia, "Sawa, aende salama. Mimi nataka karatasi."

"Huyu mpya hawezi kutia sahihi kwa kesi ambayo hakuisikiliza. Itabidi faili imfuate yule wa kwanza."

"Iko wapi?"

"Inangoja gari."

"Gari liko wapi?"

Akaniangalia kama ninayemtukana. Akasema, "Rudi mwisho wa mwezi."

Mwambie Mzee Momanyi kwamba hakuna anayetaka hiyo karatasi kuliko mimi. Kitambaa cha Nyatichi nimekitandika. Meza yangu nayo imepinda, vimeelewana.

Benta

*

Kehancha
8 Juni 1997

Dada Benta,

Salamu katika jina la Bwana. Sisi tu wazima.

Nakuandikia kwa upole, usinielewe vibaya. Ni mwezi wa nne sasa. Hapa watu wanauliza. Wengine wanasema korti ikimaliza kesi, karatasi hutolewa siku hiyohiyo, na kama haijatolewa basi labda kesi yenyewe haijaisha, imeahirishwa tu. Mimi nawajibu kwamba wewe si mtu wa uongo. Lakini nikiulizwa, "Ulisikia?" nasema sikusikia, nimeandikiwa.

Kama kuna jambo ungependa kunieleza, nieleze. Mimi si mtoto.

Wako,
Fanuel

*

Oyugis
19 Juni 1997

Fanuel,

Ungekuja, ungesikia. Basi ya Oyugis inapita kwenu kila asubuhi.

Jambo ni hili: faili ilikwenda, ikarudi bila sahihi kwa sababu ukurasa mmoja haukuonekana. Wanautafuta. Nimesimama mbele ya lile dirisha la masjala mpaka wauza ndizi wa nje wananiita mke wa karani.

Umeniuliza kama nasema uongo na ukaweka maneno hayo kwenye midomo ya watu. Siku nyingine uliza mwenyewe, nitakuheshimu zaidi.

Benta

*

Oyugis
17 Agosti 1997

Baba Nyatichi,

Tuache ugomvi kwanza. Jared amekufa. Lori lake lilipinduka Alhamisi kwenye mteremko, akafa kabla ya kufikishwa hospitali. Ametumwa mdogo wake Tony kunipa habari, alikaa kibandani kwangu bila kunywa hata maji.

Sikudhani nitalia, nikalia. Si kwa ajili yake hasa. Dorine ana miaka tisa, na alipoambiwa alikunja yunifomu niliyokuwa nashona, akaiweka vizuri pembeni, ndipo akaketi chini.

Atazikwa Jumamosi ijayo kwao Uriri. Siwezi kumnyima mtoto kumzika baba yake. Nitampeleka, tutalala siku mbili, tutarudi. Nimemwambia Tony wazi, "Nakuja kama mama ya Dorine, si kama mke." Akasema, "Hayo ya wazee, shemeji. Wewe njoo tu."

Uniombee.

Benta

*

Kehancha
7 Septemba 1997

Mama Dorine,

Pole sana kwa msiba. Bwana alitoa, Bwana ametwaa.

Nimezungumza na Mzee Momanyi, na nina habari ya faraja. Anasema sasa suala la amri ya korti limekwisha lenyewe. Mume akifa, mke yuko huru, Maandiko yako wazi. Kinachohitajika ni cheti cha kifo tu, au barua ya chifu wa Uriri kusema kwamba wewe ni mjane wa Jared. Hiyo utaipata kwa siku moja. Tunaweza kutangazwa mwezi wa kumi.

Naona kama mkono wa Mungu katika jambo hili, ingawa ni vigumu kusema.

Ndugu Bichage anayenunua mahindi huko Uriri amepita hapa. Anasema alikuona kwenye matanga umenyolewa nywele na umekaa na wanawake wa boma. Nimemjibu kwamba ni heshima ya msiba tu. Nimekosea?

Wako,
Fanuel

*

Oyugis
25 Septemba 1997

Baba Nyatichi,

Nimepata yako. Nywele zitaota.

Hapa ni kazi nyingi za yunifomu, ndiyo sababu sikuandika mapema. Karani anasema ule ukurasa umeonekana na faili imekwenda tena. Dorine hajambo, anasoma, anakusalimu.

Barua ya ujane usiiulize. Mimi si mjane wa Jared. Nilikuwa nimeachana naye kwa sheria miezi sita kabla hajafa. Nitangoja karatasi yangu.

Benta

*

Kehancha
12 Oktoba 1997

Mama Dorine,

Umeandika "Oyugis" juu ya barua, lakini muhuri wa posta kwenye bahasha ni wa Migori, upande wa Uriri.

Siandiki kwa hasira. Nimekaa na hiyo bahasha wiki mbili. Uko wapi? Na kama uko huko ninakodhani, kwa nini unakataa barua ya ujane ambayo ingekutoa huko kesho, ukang'ang'ania karatasi ambayo kanisa halitaki tena? Mwanamke anayetaka kuolewa hachagui njia ndefu.

Fanuel

*

Uriri
2 Novemba 1997

Baba Nyatichi,

Niko Uriri; barua zako hunitumia jirani yangu wa sokoni Oyugis. Sijatoka tangu mazishi, isipokuwa kwenda kortini na kurudi.

Nilikudanganya kwa aibu. Sasa nisome mpaka mwisho.

Siku ya pili baada ya mazishi nilimwambia Dorine achukue mfuko wake. Tony na wazee wawili walikuwa wamekaa mlangoni. Mzee mmoja akasema, "Mtoto wa boma haondoki bomani baba yake akishaingia ardhini. Wewe ukitaka kwenda, nenda." Nikasema korti imenipa mtoto. Akanyoosha mkono, hivi, kiganja wazi. "Nipe nisome." Sikuwa na cha kumpa.

Nikaenda kwa chifu. Chifu si mtu mbaya. Aliniambia, "Mama, leta amri yenye muhuri, siku hiyohiyo nitatuma askari wamtoe mtoto. Lakini bila karatasi, mimi naona mjane anayegombana na shemeji zake, na hayo ni ya nyumbani." Nikamwambia, "Mimi si mjane." Akasema, "Hilo ndilo nataka kulisoma."

Sasa umeelewa? Wewe unaona neno mjane ni mlango. Hapa ni kufuli. Mjane ni wa boma, na watoto wake ni wa boma, na baada ya muda ni lazima arithiwe na ndugu wa marehemu, ile sisi Wajaluo tunaita tero. Siku nitakayokwenda kwa chifu na kusema "niandikie kuwa mimi ni mjane wa Jared," nimemkabidhi Dorine kwa mkono wangu. Ile amri ndiyo pekee duniani inayosema mimi si mjane, na iko kwenye meza ya mtu ambaye hanijui.

Walininyoa. Nilikubali kwa sababu walisema mwanamke asiyenyolewa halali nyumba moja na mtoto. Wamenijengea nyumba ya udongo, nimeingia na Dorine. Wanasema Tony ndiye atakayenichukua. Nimewaambia nimeposwa Kehancha, na mchumba wangu yuko njiani. Kwa hilo wananiheshimu kidogo. Wanaogopa kugombana na mtu aliye hai.

Njoo, Fanuel. Si lazima uje na pesa wala na wazee. Njoo tu, wakuone una miguu.

Benta

*

Kehancha
23 Novemba 1997

Mama Dorine,

Nimesoma barua yako mara nyingi nikiwa nimepiga magoti.

Kuja huko kwa sasa haiwezekani. Mvua hizi zimebeba daraja, na hata zisingekuwapo, Mzee Momanyi ananionya: mimi Mkisii, nikiingia boma la watu baada ya mazishi kuchukua mwanamke, damu inaweza kumwagika, na nina watoto wawili wasio na mama.

Nina shauri. Mwache Dorine kwa bibi yake kwa muda. Yuko kwao, hana shida, ana binamu wa kucheza nao. Wewe utoke peke yako, ufike hapa, tufunge ndoa. Hayo ya mtoto tutayafuata taratibu tukiwa mke na mume, na karatasi ikitoka atakuja.

Nafikiri hili ni la busara.

Fanuel

*

Uriri
14 Desemba 1997

Fanuel,

Ungemwacha Nyatichi?

Juma lililopita nilikwenda tena kortini. Paa la masjala limevuja kwa mvua hizi na mafaili yote yameanikwa barazani, yamewekewa mawe yasipeperuke. Nikatembea katikati yake kama mtu anayetafuta maiti ya ndugu yake, nikaliona langu, kumbe lilisharudi. Jina langu na jina la Jared. Wino umechuruzika lakini inasomeka. Ukurasa wa mwisho ndio ule aliosoma hakimu, kwa mkono wake: mtoto akae na mama yake.

Nikamwita karani. "Si hii hapa? Nipe."

Akasema, "Hiyo si nakala, mama. Hiyo ndiyo yenyewe. Yenyewe haitoki."

"Basi nipe nakala."

"Nakala haijapigwa."

Akaniambia nirudi baada ya uchaguzi, kwa kuwa yeye amechukuliwa kusimamia kura.

Nakuuliza tena, na hili si la kanisa wala la Mzee Momanyi. Ungemwacha?

Benta

*

Kehancha
6 Januari 1998

Dada Benta,

Heri ya mwaka mpya.

Sijui niandike vipi, kwa hiyo naandika hivyo hivyo. Tarehe kumi na nane mwezi huu nitafunga ndoa na Dada Nyasuguta wa kanisa letu. Ni mwalimu wa chekechea, watoto wamemzoea. Baraza limeona ni vyema, na mimi nimechoka, Benta. Nimekuwa mtu wa kungoja posta.

Ulikuwa na njia mbili za kuja kwangu, ukazikataa zote. Labda una haki. Mimi sikuumbwa na moyo wa vita, na wewe ulihitaji mtu wa vita. Swali lako sikulijibu kwa sababu jibu lake najua.

Kama nimekukosea, unisamehe mbele za Mungu.

Fanuel Mogire

*

Oyugis
22 Machi 1998

Baba Nyatichi,

Usiogope, sikuandikii kukudai chochote. Mkeo akitaka, aisome. Kuna mambo yametokea, na kwa kuwa ulikuwapo yalipoanza, nimeona nikueleze yalivyokwisha.

Barua yako ya ndoa ilinifikia Uriri katikati ya Januari. Karibu nami alikuwa Dani, bibi yake Dorine, mama yake Jared. Yeye hajui kusoma. Aliniona nimeikunja nikaikunjua mara nyingi, akaniuliza, "Ni ya yule wako wa Kehancha?" Nikasoma kwa sauti, nikimtafsiria kwa Kijaluo neno kwa neno. Kisha akasema, "Mwanangu, sasa utawaambia nini?"

Mchumba wa kuwatishia sikuwa naye tena. Jumapili ya tarehe ishirini na tano walimleta Tony. Sitakueleza siku hiyo. Nitakueleza tu kwamba alikaa mlangoni muda mrefu kabla ya kuingia, na kwamba alisema, "Shemeji, nina mke wangu na ananuna. Mimi nami nimesukumwa." Tulikuwa watu wawili waliopangwa na watu wengine.

Mwisho wa Februari jirani yangu wa sokoni alinitumia barua iliyokuwa kwenye sanduku langu la Oyugis. Ya korti. Imeandikwa kwa Kiingereza, mwalimu wa Dorine akanisomea: nakala yangu iko tayari, nije kuichukua. Nikaenda siku iliyofuata. Karani alikuwa mwingine, kijana mwenye adabu, akanipa kiti. Alivuta droo akaitoa. Kurasa mbili, Fanuel. Mistari niliyoihesabu ni ishirini na saba. Sahihi, muhuri, na chini ya muhuri tarehe iliyothibitishwa: tarehe tisa Januari.

Nikamuuliza, "Hii ilikuwa tayari tarehe tisa Januari?"

Akasema, "Ndiyo, mama. Ila barua ya kukuita ilichelewa kidogo. Hatukuwa na bahasha."

Siku tisa kabla ya harusi yako. Siku kumi na sita kabla ya Tony kuletwa mlangoni. Ilikuwa imelala kwenye droo ikingoja bahasha. Mimi nashona, bahasha ningekata mwenyewe kwa karatasi ya sukari.

Nilipanda gari mpaka Uriri, nikapitiliza kwa chifu. Akavaa miwani. Alisoma polepole, akirudi nyuma, akienda mbele. Kisha akaniangalia juu ya miwani, akasema, "Lakini mama, hii ni ya Februari ya mwaka jana. Mbona ulikaa nayo mwaka mzima?"

Nilikuwa nimejitayarisha kwa maswali yote isipokuwa hilo.

Akaendelea. Alikuwa anataka kunisaidia, naapa. Akasema, "Tuangalie inasema nini. Inasema ndoa yako na Jared imevunjika. Sawa, Jared hayupo. Inasema mtoto akae na mama yake. Dorine anakaa na nani?"

"Na mimi."

"Nyumba moja?"

"Nyumba moja."

"Basi amri imetekelezwa yote. Hakuna aliyeivunja. Huyu Tony hayumo humu, siwezi kumtumia askari kwa karatasi isiyo na jina lake. Sasa unataka nini?"

Nikasimama. Nilikuwa nimesimama mbele ya madirisha mwaka mzima, miguu yangu inajua kusimama. Nikamwambia, "Soma tena hapo pa mtoto."

Akasoma. "Mtoto akae na mama yake."

"Imesema wapi?"

"Wapi nini?"

"Imesema akae na mama yake Uriri?"

Akatazama. Akageuza ukurasa, akarudi. Alitafuta mahali panapoitaja Uriri na hapakuwapo.

"Mama yake anakwenda Oyugis," nikasema. "Leo. Anayemzuia mtoto, amevunja amri, na muhuri ni huo."

Akavua miwani. Kisha akamwita askari wake, akamwambia anisindikize.

Dorine nilimtoa darasani. Hakufurahi, na hili nataka ulijue, kwa sababu wewe uliwahi kuandika kwamba yuko kwao. Alilia. Tulipofika bomani alimshika Dani kiunoni akasema kila mara anapozoea mahali namtoa. Ana miaka kumi sasa, ana haki ya kusema hivyo. Wazee walitoka wakasimama, askari akawasomea, hakuna aliyenyoosha mkono safari hii. Tony ndiye aliyebeba sanduku langu mpaka barabarani. Tulipolitua akasema, "Hii karatasi ingekuja mapema, sote tungepumzika." Ni yeye peke yake katika mwaka huu wote aliyesema neno ambalo singeweza kulipinga.

Tumerudi Oyugis wiki tatu sasa. Kibanda changu kilikuwa na mtu, nashonea kwenye baraza ya jirani. Dorine amerudi shuleni. Ananijibu nikimwuliza, lakini hanianzii yeye mazungumzo. Juzi aliimba akiosha vyombo, na mimi nikakaa nyuma ya mlango nisimkatize.

Baraza lenu likiniuliza, liambie kwamba Benta Awuor hakusema uongo. Kesi iliisha tarehe kumi na moja Februari, mwaka wa tisini na saba. Nilikuwa mwanamke huru siku waliponinyoa. Nilikuwa huru siku uliponiambia nimwache mtoto, na siku ile Tony alipoingia. Imeandikwa.

Kuna moja zaidi. Mwezi wa pili sikuona siku zangu, na mwezi huu vilevile. Sijamwambia Tony, wala Dorine, wala Dani. Wewe ndiye wa kwanza kujua, na hata sielewi kwa nini ni wewe. Nadhani ni kwa sababu katika mwaka mzima hakuna mtu mwingine niliyekuwa nikimwandikia.

Usijibu.

Benta Awuor